Ajenda ya Nne: Suala la Flaviana

Familia ya Mzee Kasiani wa Charambe ina daftari. Ni kaunta buku la jalada jeusi, na ndani yake, kuanzia ukurasa wa kwanza, imeandikwa mihtasari ya vikao vyote vya ukoo tangu mwaka aliofariki mama wa nyumba. Mwandiko ni mmoja tu, wa Flaviana, binti pekee wa mzee. Ni mwandiko mzuri, umesimama wima kama wanafunzi mstarini, ila mwenyewe huikandamiza kalamu mno. Ukipapasa nyuma ya karatasi unayakuta maneno yametuna, na kurasa mbili za chini zimebaki na alama zake. Watu wa nyumbani humtania kwamba hilo kalirithi kwa baba yake, ambaye alichonga vinyago vya mpingo kwa miaka arobaini, hadi macho yalipoanza kumsaliti akabaki kuchonga miko na vijiko kwa kupapasa.

Katika daftari hilo ajenda ya nne imeandikwa mara tisa, maneno yale yale:

"Ajenda ya nne: Suala la Flaviana. Limeahirishwa. Akidi haijatimia."

Na kila mara aliyeandika ni Flaviana mwenyewe.

Suala lenyewe lilikuwa fupi. Flaviana, umri miaka thelathini na nane, karani wa shule moja ya sekondari huko Mbagala, alitaka kuolewa na Isack, umri miaka thelathini na tatu, mkaguzi wa nyama katika machinjio ya Vingunguti. Walijuana buchani. Flaviana alikuwa kainama juu ya meza ya muuzaji, kalipindua paja la ng'ombe kwa mikono miwili, anatafuta mhuri wa ukaguzi. Isack alikuwa kasimama nyuma yake, naye kaja kununua maini.

"Dada, mhuri upo upande wa ndani," alimwambia.

"We umejuaje?"

"Nimeupiga mie asubuhi."

Flaviana akaugeuza upande wa ndani, akauona mhuri, akacheka. Isack hajawahi kumsahau mwanamke yule aliyecheka kwa furaha ya kuona mhuri.

Barua ya posa ilikuja miezi mitano baadaye, imefungwa kwenye leso nyeupe, mikononi mwa mshenga wao, Mzee Jonas, jirani wa Isack. Baba angeifungua siku ile ile. Mkono wake ulikuwa umekwishafika kwenye bahasha. Lakini Baba Mkubwa Gaudens, kaka yake, aliyekuja Charambe kutoka Mbezi Beach siku hiyo kwa shughuli nyingine, alikohoa kidogo.

"Kasiani. Jambo la ukoo hilo. Halifunguliwi sebuleni kama kifurushi cha posta. Kikao kikae."

Baba Mkubwa alikuwa afisa utumishi mstaafu, na kustaafu hakukumkubali. Mama wa Flaviana alipofariki, yeye ndiye aliyeongoza kamati ya mazishi. Mazishi yakaisha, kamati ikabaki. Ikapata mwenyekiti, ambaye ni yeye. Ikapata katibu, ambaye ni Flaviana kwa sababu ya mwandiko. Ikapata kanuni, kwamba hakuna uamuzi bila wajumbe saba. Basi bahasha ikarudishwa kwenye leso, leso ikawekwa kwenye kabati la vyombo, nyuma ya chupa kubwa ya chai, ikaanza kusubiri watu saba.

Ilisubiri miezi kumi na minne. Mara kuna msiba Kibaha. Mara mvua imekata barabara. Mara wamekuja sita, na wa saba kapiga simu kwamba yuko njiani, na hiyo njia haikuisha. Kikao cha saba tangu barua ije, walitimia kabisa, ila Baba Mkubwa alipohesabu, Shangazi Eufrazia alikuwa msalani.

"Huyo si anarudi sasa hivi?" Flaviana aliuliza.

"Akidi inahesabiwa kwa waliopo ukumbini," alijibu Baba Mkubwa. "Andika."

Akaandika. Baba, aliyekuwa kakaa pembeni na mwiko wake ambao haujaisha kuchongwa, akasema alichokisemaga siku zote: "Mie niko pamoja na kikao."

Baada ya kikao cha tisa, Isack alimkuta kwenye kibanda cha mihogo ya kukaanga karibu na shule. Walikaa kwenye benchi, sahani moja, kachumbari katikati.

"Enhe? Leo nimekuwa nini?"

"Umeahirishwa."

"Tena?" Isack akachovya muhogo kwenye pilipili. "Mie mwenzio hata ng'ombe hajawahi kunisubirisha hivi. Sasa ukoo wenu ukifikisha watu saba, watasema wanataka tisa."

Flaviana hakucheka. Alikuwa anaangalia vidole vyake, kile cha kati kina sugu ya kalamu. "Isack, mie ni mtu mzima," alisema, kama mtu aliyeokota kitu njiani na anasoma kilichoandikwa. "Naandikia watoto wa watu fomu za kuhamia, naandika barua za wizarani. Kesho tuombe ruhusa kazini. Twende wilayani."

Wilayani, kwenye dirisha la usajili wa ndoa, walimkuta mama mmoja wa makamo anaitwa Bupe, miwani imening'inia kifuani kwa kamba ya shanga. Aliwapa fomu ya kutoa taarifa ya kusudio la kufunga ndoa. Isack akaitazama, kisha akamsogezea Flaviana. Mwandiko wa Isack haufai kupelekwa ofisini. Yeye mwenyewe hukiri kwamba amezoea kuandika kwa mhuri. Flaviana akaijaza ya wote wawili. Alipofika mwisho akaigeuza nyuma, akaigeuza tena mbele.

"Samahani, mama. Sehemu ya familia iko wapi?"

"Majina ya wazazi si umeshajaza?"

"Sio majina. Ya kukubali kwao."

"Mna miaka mingapi nyie?" Bupe akavaa miwani, akasoma. "Thelathini na nane. Thelathini na tatu. Basi hakuna sehemu hiyo, mwanangu. Anayekubali ni wewe, na anayekubali ni huyu. Una mume mwingine?"

"Hapana."

"Wewe una mke?"

"Sina, mama."

"Undugu wa damu?"

"Yeye mtu wa kusini, mie mtu wa Dodoma."

"Kuna aliyekulazimisha kuja hapa, dada?"

Flaviana akafikiri kidogo. "Mie ndiye niliyemlazimisha yeye."

Bupe akacheka mpaka miwani ikaanguka kifuani. Aliwaeleza kwamba taarifa ile itabandikwa ubaoni siku ishirini na moja, ili mwenye pingamizi la kisheria alilete. Zikipita kimya, waje na mashahidi.

Jioni ile, chai ikiwa mezani, Flaviana alimwambia baba yake kila kitu. Mzee Kasiani alikuwa anapapasa ukingo wa mwiko kwa kidole gumba, akitafuta pale palipokwaruza.

"Umeshamwambia Baba Mkubwa wako?" aliuliza mwisho.

"Nimekwambia wewe, Baba."

Mzee hakusema niko pamoja na kikao, kwa sababu kikao hakikuwepo. Alirudia kupapasa mwiko wake. Flaviana alisubiri hadi chai yake ikapoa, kisha akatoa vikombe.

Alikuwa na uhakika wa mambo mawili. Kwamba ataolewa, sheria imeshamwambia. Na kwamba siku hiyo hataki kusimama pale wilayani kama mtu aliyetoroka kwao. Alimtaka baba yake. Hilo la pili halikuwa na fomu.

Baba Mkubwa alipopata habari aliitisha kikao cha dharura. Na hapo likatokea ambalo daftari halijawahi kuliona: akidi ilitimia ndani ya saa mbili. Walikuja saba, wakaja tisa, wakaja kumi na moja. Mjumbe wa kutoka Kibaha alifika wa kwanza. Ikabidi waazime viti vya plastiki kwa jirani.

"Shikamooni," Flaviana alisema, akafungua daftari.

"Marahaba. Ajenda ni moja," alisema Baba Mkubwa. "Tunaweka pingamizi. Kuna ubao kule, na ubao umewekwa ili watu wapinge. Sisi ni watu. Naomba sababu."

Zikaja. Kikao hakijafungua barua ya posa. Kijana ni mdogo kwa miaka mitano. Kijana ni Mlutheri na sie Wakatoliki. Kijana anafanya kazi machinjioni.

"Machinjioni kafanyaje?" mtu mmoja aliuliza.

"Anarudi na harufu," alisema Shangazi Eufrazia.

"Mbona nyama unakula, wifi?"

"Nakula nyama, silali nayo kitanda kimoja!"

Kikao kikaangua kicheko, hata Flaviana akauma midomo. Kisha Shangazi, ambaye ana moyo mwepesi na mdomo mwepesi zaidi, akasema huku bado anajipangusa macho: "Na huyu mzee je? Anaenda huyu, nani atamsonga ugali? Nani atampeleka kliniki ya macho? Mie niko Kinyerezi, kaka yake yuko Mbezi Beach. Nani atabaki naye?"

Kila mtu aliangalia kiti cha jirani yake. Mzee Kasiani aliuangalia mwiko.

Flaviana akainua kalamu. "Hiyo niiandike, Shangazi?"

"Hapana," Baba Mkubwa aliwahi. "Hiyo usiiandike."

Ikabaki kazi ya kuandika barua yenyewe. Barua ya ofisini inataka anwani mbili, inataka kichwa cha habari, inataka lugha. Baba Mkubwa aliuliza nani ataiandika, na vichwa vyote, kimoja baada ya kingine, vikageukia palepale vinapogeukiaga siku zote.

"Mie?" alisema Flaviana.

"Katibu si ni wewe?"

"Ninayepingwa pia ni mie."

"Hapa hatumzungumzii Flaviana, tunamzungumzia katibu," alisema Baba Mkubwa, na alimaanisha kabisa.

Akaiandika. YAH: PINGAMIZI LA NDOA. Sababu nne, kila moja na namba yake, hakupunguza neno. Mwenyekiti akatia saini. Ilipofika suala la nani ataipeleka, Baba Mkubwa alikuwa na miadi ya mgongo, wa Kibaha anarudi Kibaha, na kanuni ilikuwa wazi kwamba barua hupelekwa na katibu.

Isack alipoiona barua ile hakuamini. "Yaani wamekupa risasi ujipige, nawe unaipeleka? Itupe, Flavi. Ipo mifereji mingapi Mbagala hii?"

"Nikiitupa watasema haikufika. Mie nataka ifike, na ijibiwe."

"Na wakikubaliwa?"

"Basi nitajua."

Isack akamtazama, akakubali. Ila alimshika mkono njia nzima mpaka mlangoni.

Bupe aliisoma barua mara moja, akavua miwani, akaivaa, akaisoma tena. Akafungua faili, akatoa ile fomu, akaziweka sambamba juu ya meza.

"Huu mwandiko ni mmoja."

"Ni wangu, mama."

"Umejaza kwamba unaolewa, halafu umeandika kwamba unapinga?"

"Mie ni katibu wa familia."

Bupe alimwangalia kwa muda, kama anayeangalia mtu kabeba meza kichwani na bado anatembea vizuri. "Nikuulize. Toa ukatibu, weka kando. Wewe Flaviana unapinga?"

"Hapana. Mie Flaviana namtaka."

"Ngoja."

Alichukua karatasi zote akaingia nazo kwa msajili, chumba cha ndani. Walikaa kwenye benchi. Isack alihesabu vigae vya sakafu, akapoteza hesabu, akaanza upya. Bupe aliporudi alikuwa na barua ya majibu, aya moja, na mhuri wake chini.

"Hamna pingamizi humu," alisema. "Kuna malalamiko, na malalamiko ni haki yao, lakini hayazuii ndoa. Mngekuwa ndugu, ungekuwa na mume, ungekuwa mtoto, ungekuwa umeburutwa, hapo sawa. Umri wa kupitana miaka mitano? Mie na mzee wangu tumepitana kumi na mbili. Kikao hakijakaa?" Akatikisa kichwa. "Sheria ya ndoa nimeisoma mpaka imechakaa, kikao sijakikuta. Mwenyekiti akiona ana sababu ya kisheria, mlango uko wazi, aje. Hata mahakamani aende. Lakini aje na sababu."

Isack aliugusa mhuri wa barua kwa ncha ya kidole. "Umekaa vizuri," alisema, kwa heshima ya mtu wa kazi.

Flaviana aliyasoma majibu yale kwenye kikao, akiwa kasimama. Baba Mkubwa aliyapokea, akayasogeza mbali na macho, akayasogeza karibu.

"Uliandika vibaya," alisema.

"Niliandika maneno yenu, Baba Mkubwa. Nakala hii hapa."

Aliisoma nakala. Hakukuta kosa, na hilo lilimuudhi zaidi. Akasimama. "Basi aende. Ila kikao hiki hakitakwenda. Mjumbe yeyote asionekane pale." Hakumtazama mdogo wake alipolisema hilo, lakini kila mtu alijua limeelekezwa kiti gani.

Siku ishirini na moja zikapita. Baba Mkubwa hakwenda wilayani, wala mahakamani. Alikuwa mtu wa utaratibu, na ameshaelewa kwamba utaratibu hauko upande wake.

Alhamisi asubuhi Flaviana alivaa gauni la rangi ya maziwa, lile alilolinyoosha mara mbili. Alimwandalia baba yake uji, akaufunika, akaweka kijiko mahali mkono wake ulipozoea.

"Shikamoo Baba. Mie ndo natoka."

"Marahaba."

Alisimama mlangoni kidogo zaidi ya inavyohitajika. Mzee alikuwa anatafuta patasi yake kwenye boksi. Flaviana akatoka.

Wilayani walikuwepo Isack kwenye suti inayombana mabega, Mzee Jonas shahidi wa kwanza, na mwalimu Monica wa shuleni kwake, shahidi wa pili. Bupe alikuwa kabadilisha kamba ya miwani, akavaa ya shanga nyekundu. Waliitwa jina. Wakainuka.

Nje bajaji ikapiga breki. Ikasikika sauti ya mtu anamlaumu dereva kwa kumpitisha kwenye mashimo yote ya Temeke, kisha Mzee Kasiani akaingia, kofia kichwani, mkono mmoja unapapasa ukuta na mwingine umeshika leso nyeupe.

"Yuko wapi?"

"Niko hapa, Baba."

Akamfuata kwa sauti. Alikaa kwenye benchi, akaifungua leso juu ya magoti. Bahasha ilikuwa imechanwa juu, mchano ulionyooka, wa mtu aliyetumia patasi kali.

"Nimeifungua," alisema. "Peke yangu. Akidi ilikuwa mtu mmoja."

Akatoa karatasi, akaigeuza nyuma, akapitisha kidole gumba taratibu kutoka kushoto kwenda kulia, kama anavyopapasaga mti kutafuta nyufa.

"Macho yangu hayakusoma hata mstari. Nikampa binti wa jirani anisomee. Lakini kabla hajaanza, kidole kilishaniambia. Huu mwandiko ninao nyumbani, daftari zima." Akageuza uso upande wa Isack. "Kijana. Barua yako ya posa kaandika nani?"

Isack alikohoa. "Shikamoo Mzee. Mie... mwandiko wangu, Mzee..."

"Marahaba. Jibu."

"Kaandika yeye, Mzee. Nilikuwa naogopa nikiandika mie mtadhani ni cheti cha nyama."

Mzee Jonas alijiziba mdomo kwa kofia. Bupe hakuhangaika kujiziba. Mzee Kasiani mwenyewe mabega yalianza kutikisika, akacheka kile kicheko chake cha kifuani ambacho Flaviana hajakisikia tangu mama alipokuwepo.

"Umejiposa mwenyewe. Umejipinga mwenyewe," alimwambia binti yake. "Kujiruhusu tu ndo uliniachia mie?"

"Ruhusa tunayo, Baba," Flaviana alisema. "Nilikuwa nakutaka wewe."

Mzee akakunja karatasi ile kwa mikunjo yake ya zamani. "Binti wa jirani alinisomea mpaka mwisho. Aya ya mwisho kabisa. Kwamba mmepata vyumba viwili nyuma ya msikiti, pale pale Charambe, ili jioni mzee asile peke yake." Akairudisha kwenye leso. "Miezi kumi na minne watu wazima wanajiuliza kimoyomoyo nani atabaki na mie. Jibu liko nyuma ya chupa ya chai."

Mwalimu Monica aliketi, akamwachia nafasi ya ushahidi. Bupe alimshika mzee mkono akaupeleka kwenye mstari wa shahidi. Saini yake ilipanda mlima kidogo, ikaushuka, lakini ilikuwa saini.

Kikao cha kumi na mbili kilifanyika mwezi uliofuata. Walikuja watano. Baba Mkubwa alikaa mkao wa mtu aliyekuja kwa wajibu, hakumwita Flaviana kwa jina, alimwita Katibu. Isack alikuwa kaleta maini kilo nzuri, yakawa yanachemka jikoni, na harufu yake ilifanya wajumbe wapitishe ajenda tatu za kwanza haraka kuliko kawaida. Shangazi Eufrazia alikwenda jikoni mara mbili kuhakikisha.

"Ajenda ya nne," alisoma Flaviana, akainua kalamu. "Niandike nini?"

"Akidi haijatimia," alisema Baba Mkubwa.

"Kwa hiyo suala la Flaviana limeahirishwa?" Shangazi aliuliza kwa mdomo uliojaa.

Mtu akacheka. Baba Mkubwa aliangalia dari, akaangalia mlango wa jikoni, akaangalia ndugu yake aliyekaa pembeni ananoa patasi. Alifikiri muda mrefu, kwa sababu alikuwa mkweli kwenye maandishi kama binti wa mdogo wake, na hakutaka daftari liseme uongo.

"Andika," alisema mwisho. "Andika: limefungwa."

Flaviana akaliandika neno hilo, akalikandamiza, mpaka likatokea upande wa pili.